Nyota, Tetemeko na Shikamoo ya Nyololo

Mhariri wa gazeti moja ameniomba makala juu ya matukio makubwa ya historia yaliyoangukia tarehe moja. Anataka niwaonyeshe wasomaji kwamba siku hiyo hiyo, katika miaka mbalimbali, mfalme fulani alivishwa taji, meli fulani ikazama, na vita fulani vikaisha. Wasomaji wanapenda sana habari hizo, anasema, kwa sababu zinawafanya waone kama kalenda nayo ina akili. Nimekaa na kitabu kinene cha tarehe mezani na sijaandika hata mstari mmoja. Kila nikikifungua namwona bibi yangu, amejifunika mablanketi mawili, anakicheka.

Bibi hakuhitaji kitabu. Kwake mambo yote makubwa yalitokea siku moja, na siku hiyo ndiyo aliyomzaa baba yangu.

Watu wa umri wa baba, kule kwetu karibu na Mafinga, hawakuwa na tarehe za kuzaliwa. Walikuwa na matukio. Mmoja alizaliwa wakati wa nzige, mwingine wakati wa njaa, na baba alizaliwa nyota yenye mkia ilipoonekana juu ya vilima. Hapo hapana ajabu. Ajabu ni kwamba kwetu tukio dogo likikaa jirani na tukio kubwa, baada ya miaka kadhaa linasogea na kuingia ndani yake, kama mbuzi wanavyokimbilia zizini wingu likiwa jeusi. Nilipopata akili, siku ya nyota ilikuwa imekwisha kuwapokea nzige, kupasuka kwa kengele ya misheni, nyumbu wa ofisa wa Kijerumani aliyezama mtoni na mizigo yake, na babu yangu kuacha ugoro. Bibi aliyasimulia hayo yote kama mambo ya asubuhi moja, na bado akapata nafasi ya kujifungua kabla ya chakula cha mchana.

Hadithi hiyo haikumdhuru mtu yeyote mpaka dada yangu alipotaka kuolewa.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya hamsini. Dada alikuwa akifundisha kushona katika shule moja ya wasichana Mbeya, na huko akapatana na kijana mmoja, dresa wa hospitali, yaani mfunga vidonda, mpole, mwenye viatu safi. Baba wa kijana alikuwa mnyapara wa kazi za barabara, mwenye nyumba yake Iyunga, hapo hapo Mbeya. Hapakuwa na pingamizi. Wao Wakristo, sisi Wakristo. Mshenga alikuja, akaenda, akaja tena, na mambo yakawa yamekubaliwa yote isipokuwa moja: wachungaji wa pande zote mbili walitaka baba hawa wawili wakutane, wasalimiane, na watoe neno lao mbele ya shahidi wa kanisa. Bila hivyo matangazo ya ndoa yasingesomwa.

Mnyapara akajileta mwenyewe. Kikosi chake kilikuwa kinatengeneza barabara upande wetu, basi siku moja akaingia uani kwetu akiwa na kofia yake ngumu ya kazi. Baba, ambaye alikuwa seremala, akatoka karakanani na randa mkononi. Wakasimama, wakatazamana, na kila mmoja akangoja aamkiwe.

Shikamoo si neno la milima yetu. Lilipanda kutoka pwani pamoja na shule, boma na polisi. Wazee wetu walikuwa na "kamwene", unayoisema na kurudishiwa hiyo hiyo, na hakuna anayepungukiwa kitu. Lakini shikamoo ina juu na chini. Wanaume hawa wawili walikua wakiamkiana kwa kamwene, wakaipata shikamoo ukubwani, na kama watu wengi waliobatizwa ukubwani, walikuwa wakali kuliko waliozaliwa ndani ya dini.

Baba akaanza kusafisha randa kwa pindo la aproni. Mnyapara akaanza kukagua paa letu. Mama akawaita kwenye chai, na chai ikapoa. Mwishowe mnyapara akasema paa limeezekwa vizuri, baba akasema barabara inakwenda vizuri, wakaagana kwa kupungiana mikono kwa mbali.

Jioni dereva wa lori la mbao akatuletea maneno. Mnyapara alikuwa ameuliza mbele za watu kama yule fundi hakufundishwa kwao kuwaamkia wakubwa. Baba akamwambia dereva ampelekee jibu: yeye alizaliwa siku ya nyota yenye mkia, na mwenzake je? Lori lilipotoka Mbeya likaja na jibu kwamba mnyapara alizaliwa siku ya tetemeko kubwa, lile lililobomoa nyumba na kuwaangusha watu waliosimama, na kwamba mtu wa tetemeko hawezi kumwamkia mtu wa nyota.

Hapo ndipo ubishi ulipoharibika, kwa sababu hakuna aliyejua kama nyota ndiyo ilitangulia au tetemeko. Basi pande zote mbili zikaanza kuongeza uzito. Baba alituma nzige. Mnyapara alirudisha mto uliosimama usitiririke. Baba akatuma kengele. Mnyapara akarudisha ng'ombe aliyezaa ndama watatu. Baba akakaa na nyumbu wa Mjerumani kwa muda, kama mtu mwenye karata nzuri, kisha naye akamtuma. Wiki iliyofuata tukajibiwa kwamba nyumbu huyo alizama siku ya tetemeko, tena kwa sababu ya tetemeko, na kila mtu Iyunga anajua. Madereva walikuwa wakitoa habari hizo njiani kwa utulivu wa watu wanaobeba mbao, na nadhani waliongeza mbili tatu za kwao.

Miezi ikapita. Dada akawa anakuja likizo na kurudi bila tarehe. Kitambaa cha gauni kilikuwa tayari. Yeye mwenyewe alikuwa amekikata, akakishona, akakifumua kwa kukosa la kufanya, na kukishona tena.

Mimi ndipo ninapoingia, na ningeshukuru kama msomaji angekuwa mpole. Nilikuwa kijana wa chuo kikuu, nchi jirani. Pale kwetu nilikuwa wa kwanza, na nilivaa koti la chuo hata jua likiwaka. Baba akaniambia nitumie huo usomi wangu kujua kipi kilitangulia. Hakusema nitafute ukweli. Alisema nitafute nyota.

Niliipata. Maktaba ya chuo ilikuwa na vitabu vya nyota na vitabu vya matetemeko, katika vyumba viwili tofauti, na nilikwenda huku na huku kama mjumbe wa mfalme. Nyota na tetemeko vilitokea mwaka mmoja, mwaka elfu moja mia tisa na kumi. Ila nyota ilionekana katikati ya mwaka, na tetemeko likaja mwishoni, Desemba. Baba alikuwa mkubwa kwa miezi. Nilirudi nyumbani nikiwa nimebeba miezi hiyo kifuani kama medali.

Mkutano ukapangwa ufanyike Nyololo, nyumbani kwa mwinjilisti mmoja ambaye hakuwa wa ukoo wala upande wowote. Baba alisisitiza kwamba Nyololo ni katikati ya Mafinga na Mbeya. Mtu yeyote aliyewahi kusafiri barabara ile anajua kwamba kutoka Mafinga unafika Nyololo kiti hakijapata joto, na kwamba kutoka Mbeya unafika ukiwa na vumbi hadi kwenye meno. Mnyapara alijua kuliko sote, maana barabara ilikuwa yake. Alikubali kwa sharti moja, kwamba viti vya baba hao wawili viwe na kimo kimoja.

Baba akatengeneza vigoda viwili vya mbao za msonobari, akavipiga msasa mpaka vikang'aa. Tulivipakia kwenye lori pamoja na dada, aliyekuwa likizo, na bibi, aliyekuja kama shahidi wa kuzaliwa. Mama alibaki, akisema kuna ng'ombe anayekaribia kuzaa. Ng'ombe huyo alizaa baada ya Krismasi.

Nyololo kulikuwa na ukungu na baridi ya Julai, ya kukata masikio. Mnyapara alifika akiwa na shangazi yake, mama mmoja mwembamba mno, mkunga wa zamani, aliyempokea duniani kwa mikono yake. Nakumbuka namna walivyoingia. Ili asionekane ametangulia kumtazama mwenzake, mnyapara alishuka kwenye lori kinyumenyume. Baba, kwa sababu hiyo hiyo, alikuwa amesimama uani akiwa amegeukia miti. Walikutana migongo.

Wakati huo bibi na yule shangazi walikuwa wamekwisha kushikana mikono. Kila mmoja alisema kamwene, wakachekeana, wakaingia ndani kutafuta moto. Hakuna aliyewauliza nani mkubwa. Nilitazama jambo hilo likitokea mbele ya macho yangu na sikujifunza kitu. Nilikuwa nashughulika na karatasi zangu.

Ndani, mnyapara alivitazama vile vigoda, kisha akafungua mfuko wake wa turubai na kutoa pimamaji, chombo cha mafundi cha kupimia usawa. Akaweka ubao juu ya vigoda vyote viwili, na pimamaji juu ya ubao. Kiputo ndani yake kikaenda upande mmoja. Baba akamweleza mwinjilisti, si mnyapara, kwamba vigoda havina kosa, sakafu ndiyo inayoinama. Mnyapara akamwomba mwinjilisti amweleze fundi kwamba sakafu haiinami kwa mtu mmoja tu. Wakabadilisha vigoda. Kiputo kikaenda upande ule ule. Baba alipata ushindi, lakini ushindi huo ulimaanisha kwamba mmoja lazima akae chini ya mwenzake kwa unene wa ukucha. Basi wote wawili wakabaki wamesimama, mnyapara nyuma ya kiti cha shangazi yake, baba kando ya kiti cha bibi, na vigoda vikakaa katikati ya chumba vimeng'aa, bila mtu.

Mwinjilisti akafungua kwa sala fupi na kuwaita mashahidi. Bibi akatoa siku yake: nyota, nzige, kengele, nyumbu, ugoro. Shangazi akatoa ya kwake: tetemeko, mto, ndama, nyumbu. Walipofika kwa nyumbu wakaanza kusaidiana. Bibi alikumbuka rangi yake. Shangazi alikumbuka kwamba alibeba masanduku ya chumvi. Bibi akasema ndiyo, chumvi, maji yalikuwa na ladha siku ile. Ilikuwa dhahiri kwamba wanawake hawa wawili walikuwa wanafurahi, na kwamba wangeweza kuendelea hadi jioni.

Hapo nikasimama. Nilikunjua karatasi, nikasafisha koo, nikaeleza kwa Kiswahili cha kitabuni kwamba kisayansi nyota zenye mkia hutokea kwa mzunguko, kwamba matetemeko hayana uhusiano na nyota, kwamba haya mawili yalitenganishwa na miezi, na kwamba kwa hiyo baba yangu ndiye mkubwa. Nilimaliza nikangoja shukrani.

Bibi alinigeukia. "Wewe ulikuwepo?"

Nikasema sikuwepo, ila vitabu.

"Hivyo vitabu vilikuwepo?"

Shangazi wa mnyapara akauliza kwa upole huyu kijana ni wa nani, na alipoambiwa akatikisa kichwa kumhurumia bibi. Mnyapara hakutikisa kichwa. Alichukua kofia yake na kumwambia mwinjilisti kwamba hakuja kutoka Iyunga kwa vumbi lile ili mtoto amsomee umri wake. Hata baba, niliyekuwa nimemshindia kesi, alinitazama kama mtu aliyepewa msumari uliopinda. Miezi sita au saba ya ukweli ilikuwa ndogo mno. Yeye alitaka miaka.

Bibi ndiye aliyemzuia mnyapara mlangoni. Alisema hakuna haja ya watu kugombana, maana jambo liko wazi. Siku kubwa ni moja. Nyumbu hawezi kuzama mara mbili. Kama nyumbu alizama siku ya nyota na pia alizama siku ya tetemeko, basi nyota na tetemeko ni siku moja, na wanaume hawa wamezaliwa siku moja, na shikamoo haidaiwi na mtu. Shangazi akaafiki pale pale. Alisema sasa hata yeye anakumbuka kwamba alipokuwa akikata kitovu kulikuwa na mwanga mwingi nje.

Nilitaka kusema kitu juu ya nyumbu. Nilikaa chini.

Baba na mnyapara wakatazamana kwa mara ya kwanza siku hiyo. Kwa kweli lilikuwa suluhisho. Mnyapara alirudisha kofia kwenye msumari. Bibi, kwa kuona kazi yake imekuwa njema, akaipamba kidogo: siku moja, nyota moja, tetemeko moja, hawa ni pacha kabisa, ila tu matumbo mawili.

Mwinjilisti alikuwa mtu mwaminifu ambaye hakuwahi kuachia neno lipite bila kulipima. Aliinamisha kichwa, akafikiri, kisha akauliza, "Kama hawa ni pacha, watoto wao si ndugu?"

Nilimwona bibi akijaribu kuirudia hoja yake aone ni wapi ilipotoboka. Shangazi alisema polepole kwamba kwa kweli watoto wa pacha hawaoani, hilo halijapata kuonekana. Mnyapara akasema yeye hawezi kumwozesha mwanawe kwa mtoto wa pacha wake. Baba akasema wala yeye. Walikuwa wamekubaliana jambo kwa mara ya kwanza, na jambo lenyewe lilikuwa kwamba harusi haipo.

Dada alikuwa amesimama mlangoni na sinia ya chai. Sijui alisikia kuanzia wapi. Aliingia, akatafuta pa kuweka sinia, akaiweka juu ya kile kigoda kimoja, na birika juu ya kingine. Kisha akazungumza bila kupandisha sauti, kama anavyozungumza na wasichana waliokosea pindo.

"Baba, mimi naolewa na mtu. Siolewi na nyota."

Akamgeukia mnyapara, akamwinamia kidogo kama inavyompasa mkwe. "Na wewe, baba, shikamoo. Mimi ya kwangu nimekwisha kuitoa. Lori la Mbeya linapita saa tisa. Kama hakuna neno, nitapanda, nitarudi kufundisha kushona mpaka hiyo nyota irudi."

Mimi peke yangu mle chumbani nilijua nyota ile inarudi lini. Nilipiga hesabu: dada angekuwa na zaidi ya miaka hamsini. Safari hii nilinyamaza.

Baba alimtazama dada, akavitazama vigoda vyake vilivyogeuka meza. Halafu akavua kofia. Alivuka chumba kwa hatua za mtu anayepima sakafu, akasimama mbele ya shangazi wa mnyapara, ambaye mnyapara mwenyewe alikuwa wima nyuma ya kiti chake, na akainama.

"Shikamoo."

"Marahaba, baba," akasema shangazi.

"Marahaba," akasema mnyapara, wakati huo huo, juu ya kichwa cha shangazi.

Baba hakuinua macho kuona marahaba ya pili imetoka wapi. Alirudi akasimama kando ya bibi. Mnyapara alivuta pumzi ndefu, kama mtu aliyeshushiwa mzigo asiotaka watu waujue. Kisha naye akavuka chumba, akainama mbele ya bibi.

"Shikamoo, mama."

Bibi akaitikia. Nilikuwa karibu, na nilisikia baba naye akiitikia, chini chini, akijifanya anakohoa.

Yaliyobaki yalichukua muda mfupi kuliko chai. Mwinjilisti aliuliza kama pande zote zinatoa neno, zikatoa. Juu ya upacha hakuna aliyerudi kusema lolote. Mwinjilisti alifungua mdomo mara moja, dada akampa kikombe. Baba hawa walikunywa wamesimama, wakizungumza juu ya lami, ambayo mnyapara alisema itafika siku moja na baba akasema haitafika. Mpaka walipokufa, baba aliapa kwamba Nyololo alimwamkia mama mzee kwa adabu, na mnyapara aliapa kwamba Nyololo aliamkiwa na fundi. Kila mmoja alikuwa na mashahidi wake.

Harusi ilifungwa Mbeya siku ya kawaida, yenye jua la kawaida. Nilikuwepo. Kitu cha pekee kilichotokea ni kwamba gari la maharusi lilizimika njiani na mnyapara akalisukuma akiwa amevaa suti. Lakini siku chache baadaye nilimsikia bibi akimsimulia jirani, na tayari siku ile ilikuwa imeanza kujaa. Kulikuwa na mvua ya mawe. Kulikuwa na tai aliyekaa juu ya kanisa. Miaka ilivyokwenda ikaingia bendera yetu kupandishwa, ikaingia redio ya kwanza kijijini, na mwishoni kabisa, bibi akiwa amelala hawezi kuinuka, akaingia hata yule nyumbu.

Nilijaribu kumsahihisha, si kwa ukali. Nilikuwa na shahada tayari, na nilikuwa naandika kwenye magazeti. Dada, aliyekuwa amekuja kumuuguza, akaniwekea mkono begani.

"Muache," akasema. "Nilivyoihangaikia siku ile, vyote viingie. Nafasi ipo."

Nyota ilirudi, kama vitabu vilivyosema. Nilitoka nje alfajiri kadhaa nikakaza macho nisione kitu. Nilimpigia dada simu Mbeya kumuuliza kama yeye ameiona. Alisema hakuwa na muda wa kutazama juu. Alikuwa na wajukuu ndani, na shemeji yangu alikuwa anatafuta viatu vyake.